Bastola Kiunoni, Kikapu Mkononi: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara Kuhusu Kubeba Silaha Wazi Madukani Marekani

Ukurasa huu umeandikwa kwa ajili ya Waswahili wanaoishi Marekani, hasa walioingia karibuni: familia ya Kivu iliyopangiwa makazi Abilene au Louisville, mwanafunzi wa Mombasa aliyepata chuo Ohio, bibi wa Dar es Salaam aliyekuja Minneapolis kumsaidia bintiye kulea. Maswali ni yale yanayorudi kila tukikutana harusini na misibani. Majibu ni ya jumla. Ukiwa na kesi au barua ya mahakama mkononi, mtafute wakili wa jimbo lako, usitegemee ukurasa huu.

Nimemwona mtu kwenye foleni ya kulipia ana bastola kiunoni, na hakuna anayeshtuka. Inaruhusiwa kweli?

Katika majimbo mengi, ndiyo. Ukibeba silaha ikaonekana na kila mtu, iwe kiunoni au begani, hiyo inaitwa kubeba wazi. Ukiiweka chini ya shati au ndani ya mkoba, hiyo ni kubeba kwa kuficha. Ni mambo mawili tofauti kisheria, na kuna majimbo yanayoruhusu moja na kukataza jingine. Kufikia 2024 majimbo 29 yalikuwa yamefuta hitaji la kibali kwa mtu mzima anayestahili kumiliki bastola na kutembea nayo.

Kwa hiyo ni sheria ya Marekani nzima?

Hapana. Kila jimbo lina yake. New York na Illinois hazitaki kuona bastola hadharani hata kama una kibali cha kuificha. Connecticut ilikataza kubeba wazi 2023. California ilipitisha marufuku yake 2011, ikaanza kutumika 2012, na kesi za kuipinga zimekuwa zikipanda ngazi za mahakama za shirikisho. Ukivuka mpaka wa jimbo umevuka mpaka wa sheria, hata kama ni daraja moja tu kutoka Missouri kwenda Illinois.

Florida ni mfano mzuri wa jinsi mambo yanavyogeuka haraka. Tangu 1987 ilikuwa marufuku kubeba wazi. Mwaka 2022 mtu mmoja alisimama kwenye makutano ya barabara mjini Pensacola, siku ya uhuru wao tarehe 4 Julai, bastola kiunoni na nakala ya Katiba mkononi, makusudi akamatwe. Alikamatwa. Septemba 2025 mahakama ya rufaa ya jimbo ikasema marufuku ile inavunja Katiba. Mtu aliyesoma maelezo ya 2024 kuhusu Florida amebeba habari za zamani.

Lakini si wanasema silaha ni haki ya Katiba? Mwenye duka anapata wapi mamlaka ya kukataza?

Hapa ndipo wengi wanapoteleza, Wamarekani wenyewe wakiwemo. Marekebisho ya Pili ya Katiba yanaifunga mikono serikali. Mahakama ya Juu ilisema 2008, katika kesi ya Heller, kwamba mtu binafsi ana haki ya kuwa na silaha nyumbani kwake, na 2022, katika kesi ya Bruen, ikasema haki hiyo inatoka naye nje ya nyumba. Kesi zote mbili zilihusu sheria zilizotungwa na serikali. Duka ni mali ya mtu. Mwenye mali anaweza kusema humu hamuingii silaha, kama anavyoweza kusema hamuingii pekupeku.

Na huo si ubaguzi machoni pa sheria. Sheria ya Haki za Kiraia ya 1964 inataja rangi, dini na asili ya mtu. Bastola haimo.

Mteja akiambiwa atoke akagoma, kosa lake haliwi tena suala la silaha. Ni kubaki kwenye mali ya mtu bila ruhusa, na hilo ni kosa kila jimbo. Florida wanalichukulia kwa uzito wa pekee: ukivamia mali ya mtu ukiwa na silaha, unaweza kushtakiwa kwa kosa kubwa la jinai lenye kifungo cha hadi miaka 5.

Walmart, Starbucks na wengine wanasema "tunaomba" wateja wasibebe wazi. Kwa nini wanaomba badala ya kukataza?

Swali hili linastahili jibu refu, kwa sababu neno hilo "tunaomba" limepimwa kwa mizani na wanasheria.

Tuanze Texas. Hadi mwisho wa 2015 jimbo hilo lilikuwa na hali ya ajabu: bastola ya wazi ilikuwa marufuku tangu 1871, lakini bunduki ndefu haikuwa na kizuizi hicho. Wanaharakati waliotaka bastola iruhusiwe wakaamua kuonyesha upuuzi wa sheria kwa kuingia migahawani na bunduki za kivita mabegani, wanaagiza chakula na kupiga picha. Kina mama wa kikundi cha Moms Demand Action, kilichoanzishwa Desemba 2012 baada ya mauaji ya watoto 20 na watu wazima 6 katika shule ya Sandy Hook, wakazichukua picha zile zile na kuzisambaza wakiyauliza makampuni: hivi ndivyo mnavyotaka tule na watoto wetu? Mei 2014 Chipotle ikaomba wateja waache silaha nyumbani. Chili's na Sonic zikafuata, Julai ikaja Target. Hata NRA, chama kikubwa cha watetezi wa silaha, kilichapisha maneno makali dhidi ya wanaharakati hao wa Texas, kisha baada ya siku chache kikayafuta na kumtupia lawama mfanyakazi wake.

Starbucks ilikuwa imetangulia. Agosti 2013 wapenzi wa silaha walitangaza siku ya kwenda kunywa kahawa kwa wingi wakiwa wamejihami, kuishukuru kampuni kwa kutowafukuza. Duka la Newtown, mji wenyewe wa Sandy Hook, likafungwa mapema siku hiyo. Mwezi uliofuata mkuu wa kampuni, Howard Schultz, akaandika barua ya wazi. Alisema ni ombi, si marufuku, na akatoa sababu: marufuku ingewalazimisha wafanyakazi wake kwenda kumkabili mtu mwenye silaha.

Sababu hiyo ndiyo kiini cha jambo zima. Kijana wa kumimina kahawa hakuajiriwa kupambana na mtu mwenye bastola. Ombi linamwachia mteja muungwana nafasi ya kutii bila kuaibika, na linamwachia meneja uamuzi wa kunyamaza akiona hatari. Mimi naliona ni jibu la kibiashara kuliko la kishujaa, lakini sijaona aliyependekeza bora zaidi ambalo halimweki keshia mbele ya mtutu.

Walmart iliingia baadaye, na kwa damu. Tarehe 3 Agosti 2019 muuaji aliingia kwenye duka lake la El Paso. Waliokufa walifika 23. Siku chache kabla, wafanyakazi wake wawili walikuwa wameuawa dukani Southaven, Mississippi. Siku chache baadaye, Springfield, Missouri, kijana mmoja akaingia Walmart na bunduki na fulana ya kuzuia risasi, anajirekodi kwa simu, akidai anajaribu kama haki yake itaheshimiwa. Watu walikimbia ovyo. Tarehe 3 Septemba kampuni ikatangaza kwamba inaomba wateja wasibebe wazi tena, na kwamba itaacha kuuza risasi za bastola na za baadhi ya bunduki. Kroger ilitoa ombi kama hilo siku hiyo hiyo. Walgreens, CVS na Publix zikafuata mwezi huo huo. Mtu mwenye kibali aliyeificha silaha yake hakuguswa na ombi la Walmart, wala polisi.

Sera hizi hazidumu milele. Publix, iliyoomba hivyo 2019, ilisema baada ya uamuzi wa mahakama ya Florida 2025 kwamba inafuata sheria za jimbo. Soma mlangoni, si kumbukumbu zako.

Texas mlangoni kuna mabango yenye namba 30.05, 30.06, 30.07. Ni nini?

Ni vifungu vya sheria ya jinai ya Texas, na kila kimoja kina watu wake. 30.07 kinamzuia mwenye leseni asiingie na bastola inayoonekana. 30.06 kinamzuia mwenye leseni aliyeificha. 30.05 kinamhusu asiye na leseni kabisa, maana tangu tarehe 1 Septemba 2021 Texas inaruhusu mtu wa miaka 21 na zaidi kubeba bastola bila leseni, mradi sheria nyingine haimzuii kuwa nayo. Ndiyo maana duka moja laweza kubandika bango moja, jingine matatu. H-E-B, supamaketi kubwa ya Texas, ilipoanza sheria ya kubeba wazi tarehe 1 Januari 2016 ilikataa ya wazi ikaacha iliyofichwa.

Kwa wenye leseni, mchoro wa bastola iliyokatwa mstari mwekundu hautoshi. Bango la 30.06 au 30.07 liwe na maneno yale yale ya sheria, kwa Kiingereza na Kihispania, herufi zisipungue inchi 1 kwa urefu, rangi zitofautiane, lionekane wazi mlangoni. Kiswahili hakimo, kwa hiyo mwenzako asiyesoma lugha hizo mbili mwonyeshe umbo la bango lenyewe. Ukilipuuza, faini ni hadi dola 200. Ukiambiwa kwa mdomo utoke ukakaidi, kosa linapanda na laweza kukupeleka jela ya kaunti hadi mwaka 1.

Bango la kuogopwa zaidi lina tarakimu kubwa nyekundu: 51%. Maana yake biashara hiyo inapata asilimia 51 au zaidi ya mapato yake kwa pombe inayonyweka hapo hapo. Hapo usiingie na bastola, ya wazi wala ya kufichwa.

Nami niko Minnesota. Mabango yetu yana nguvu?

Minnesota ni lazima uwe na kibali kubeba bastola hadharani, ya wazi au ya kufichwa. Bango rasmi linataja jina la biashara na kusema inapiga marufuku bunduki ndani ya jengo lake. Sheria imeandika hadi aina ya herufi, Arial nyeusi, urefu wa inchi 1.5. Lakini adhabu inakuja mtu akikataa kutoka baada ya kuambiwa, na faini ya mara ya kwanza haizidi dola 25. Ndiyo, 25. Watu hucheka wakisikia.

Kuna kingine hapo: mwenye jengo hawezi kumkataza mpangaji wake wala wageni wa mpangaji kubeba silaha. Mwenye duka ndani ya jengo la maduka ya Wasomali na Waoromo anaamua mwenyewe juu ya duka lake.

Kuna jimbo ambako ni lazima duka likubali kwanza?

Hawaii ilijaribu. Sheria yake ya 2023 iligeuza kanuni: kimya cha mwenye duka kihesabiwe ni hapana, hadi aseme au abandike kwamba anaruhusu. Wenye vibali wakaenda mahakamani, na Oktoba 2025 Mahakama ya Juu ya Marekani ilikubali kuisikiliza kesi hiyo, Wolford dhidi ya Lopez. Katika majimbo mengi kanuni ya kawaida ni kwamba kimya ni ndiyo.

Mimi si raia. Naweza kubeba?

Inategemea umeingiaje nchini, na hapa usibahatishe. Sheria ya shirikisho inamkataza kabisa kuwa na silaha au risasi mtu asiye na hadhi halali ya ukaaji, na pia aliyeingia kwa viza ya muda: mwanafunzi, mtalii, anayetembelea familia. Kuna misamaha michache, mmojawapo ni kwa mwenye leseni halali ya uwindaji. Adhabu tangu 2022 ni hadi miaka 15. Mwanafunzi mmoja kutoka Falme za Kiarabu, Rehaif, aliondolewa chuoni Florida, viza ikaisha maana, akaenda kulenga shabaha kwenye uwanja wa kukodi. Alishtakiwa. Kesi ilifika Mahakama ya Juu, ambayo 2019 ilisema serikali ithibitishe kwamba mshtakiwa alijua hadhi yake. Ilimpa nafuu, lakini hebu fikiria kufika hadi huko kwa saa chache za kulenga shabaha.

Mwenye kadi ya kijani hayumo kwenye katazo hilo, na mkimbizi aliyepokewa kisheria pia hahesabiwi kama mwenye viza ya muda. Lakini asiye raia akipatikana na hatia ya kosa la silaha anaweza kufukuzwa nchini, hata kama hakimu wa jinai alimpa faini tu. Raia anacheza na dola 200. Wewe unacheza na miaka yote uliyongoja kambini. Maoni yangu: kama uraia hujapata, bango la dukani lichukulie kama ukuta.

Mimi ni Mweusi, nina leseni na jimbo langu linaruhusu. Sheria si ni moja kwa wote?

Kwenye karatasi, ni moja. Tarehe 5 Agosti 2014, ndani ya Walmart ya Beavercreek, Ohio, John Crawford III, kijana Mweusi wa miaka 22, alichukua rafuni bunduki ya upepo iliyokuwa ikiuzwa humo humo. Akawa anatembea nayo huku anaongea na simu. Mteja mmoja akapiga 911, namba ya dharura ya polisi, akisema kuna mtu anawaelekezea watu bunduki. Polisi walimpiga risasi akafa. Ohio ni jimbo linaloruhusu kubeba wazi bunduki ya kweli, sembuse ile ya upepo. Baraza la raia wanaoamua kama mtu ashtakiwe (grand jury) halikumshtaki askari yeyote. Mji ulikubali 2020 kuilipa familia dola milioni 1.7.

Mwaka 2016 huko Falcon Heights, Minnesota, Philando Castile alimwambia askari aliyemsimamisha barabarani kwamba ana silaha. Kibali alikuwa nacho. Alipigwa risasi mbele ya mchumba wake na mtoto. Askari aliachiwa huru mwaka uliofuata. Novemba 2018, risasi zilipolia kwenye jengo la maduka Hoover, Alabama, polisi walimwona Emantic Bradford, kijana wa miaka 21, akiwa na bastola yake halali, wakamdhani ndiye aliyefyatua risasi, wakamuua.

Sitakwambia usibebe; ni haki yako na wapo ndugu zetu wanaobeba kwa sababu duka lao limeshaporwa. Ninachosema ni kwamba anayepiga simu polisi haoni leseni yako. Anaona mwili wako na chuma. Ukiamua kuwa na silaha dukani mahali palipo halali, iliyofichwa vizuri, kwa kibali, inaita macho machache kuliko ya wazi. Mikono isiikaribie. Askari akikusogelea, mikono ionekane, fuata anachosema, na ubishi wa sheria uache kwa wakili.

Mimi ni keshia. Mteja ameingia na bastola wakati mlangoni pana ombi. Nifanye nini?

Usimwendee wewe. Mwite meneja, makampuni makubwa yana utaratibu wa kufuata. Kama anachagua nyanya zake kwa utulivu, huenda meneja akaamua kunyamaza, na hilo si uzembe. Kama ameishika mkononi, anatishia au anafoka, ondoka eneo lile kwanza ndipo upige 911.

Nikipiga 911, niseme nini?

Sema unachokiona: yuko wapi, amevaa nini, silaha iko kiunoni au mkononi, anafanya nini nayo. Usiongeze chumvi. Kesi ya Crawford ilianzia kwenye simu.

Upande wa pili nao una kisa chake. Colorado Springs, tarehe 31 Oktoba 2015, mwanamke alipiga 911 akisema kuna mtu barabarani na bunduki. Akaelezwa kwamba Colorado inaruhusu kubeba wazi. Muda mfupi baadaye mtu yule aliua watu watatu. Basi ukiona tendo la kutia shaka, lieleze tendo lenyewe, usiishie kusema "ana bunduki".

Nina duka langu dogo la vyakula. Nibandike bango au niache?

Fikiria mambo mawili. La kwanza, bango lisilofuata kanuni za jimbo ni pambo tu. Tafuta maneno na vipimo kwenye tovuti ya serikali ya jimbo lako, usinunue kibandiko chochote cha mtandaoni. La pili, nani atasema na mteja akilipuuza? Kama ni binti yako wa miaka 17 anayekaa kaunta jioni, mfundishe mapema kwamba kazi yake si hiyo.

Kuhusu kushtakiwa, uliza wakili. Wisconsin, kwa mfano, inamkinga na madai mwenye mali ambaye hakukataza silaha zilizofichwa, yaani sheria yenyewe inamsukuma asibandike.

Mwajiri anakataza silaha kazini. Naweza kuiacha kwenye gari?

Majimbo kadhaa yanasema ndiyo. Texas tangu 2011 inamzuia mwajiri, isipokuwa sehemu chache, kumkataza mfanyakazi anayemiliki silaha kihalali kuiweka ndani ya gari lililofungwa. Ndani ya duka, neno la mwajiri linabaki. Na iwe imefungwa kwenye kisanduku, maana vioo vya magari huvunjwa kutafuta hizo hizo.

Kwa nini hawakagui mlangoni kama Nairobi?

Nairobi, hasa baada ya Westgate, Septemba 2013, watu 67 wakiuawa, mlinzi anakupitishia kifaa na kukagua gari lako nawe huoni ajabu. Marekani duka likifanya hivyo wateja wengi watakwenda la jirani. Isitoshe, kifaa kingelia kwa kila aliyebeba kihalali.

Mwanangu anataka bunduki ya kuchezea tuliyoiona dukani. Kuna tatizo?

Kununua hakuna. Sheria ya shirikisho inataka bunduki za kuchezea ziwe na alama ya rangi ya chungwa kwenye mtutu, lakini bunduki za upepo za kawaida hazimo kwenye sharti hilo, na nyingi zinafanana na za kweli kabisa. Mtoto asiibebe mkononi akizunguka dukani. Iende kwenye kitoroli ikiwa ndani ya boksi lake, ilipiwe, itoke kwenye mfuko na risiti.